Mabawa ya Kumbikumbi

Jumapili, 5 Novemba 2023

Nimejipaka matope mwenyewe leo. Tena baada ya misa, tena nikiwa na kitenge kipya.

Nimetangaza mbele ya kina mama wote wa jumuiya kwamba mjukuu wangu Julieth anatengeneza filamu na mimi nimo ndani yake. Hakuna aliyeniuliza! Gaudensia alikuwa anasimulia mkwe wake wa Mwanza, friji ya mkwe, makochi ya mkwe, mdomo wangu ukaona unaachwa nyuma. Nikasema: wa kwangu anatengeneza sinema, na mimi nimo. Wakanyamaza wote. Utamu wa kile kimya! Nimerudi mtaani kwetu Cheyo shingo imesimama kama nimebeba ndoo ya maji.

Nafika nyumbani, Julieth yuko kwenye chumba cha uani, amekaa chini, miguu kaikunja kama anamenya karanga. Mbele yake mkanda mrefu wa plastiki, mwembamba, unapitisha mwanga. Anaukwaruza kwa sindano. Sindano yangu ya kushonea magunia!

Nikamwambia, mke mwenzangu, hiyo kamera itatoka lini, nijue siku ya kusuka nywele. (Mke mwenzangu namwita toka mtoto. Marehemu mume wangu alikuwa mume wetu sote — mimi nilimpikia, yeye alimlia pipi.)

"Kamera sina, Bibi."

"Umeiacha Dar?"

"Sijawahi kuwa nayo. Filamu zangu nazifanya kwa mkono. Nachora kwenye mkanda, nakwaruza, nabandika vitu. Mashine ikizungusha, vinatembea vyenyewe ukutani."

"Na watu?"

"Watu hawamo."

Nimekaa juu ya ndoo. Miezi saba mtoto yuko kwangu, nampikia, namwambia kila mtu ni mpiga sinema — kumbe hana kamera! Ni kosa langu. Sikuwahi kuuliza. Nilidhani iko kwenye lile sanduku kubwa. Kwenye sanduku kuna mashine ya kuonyeshea, nzito kama cherehani, ameazimwa na wenzake.

Jumuiya nzima inajua nimo. Mimi tu ndiye nisiyekuwemo.

Jumatatu, 6 Novemba

Masolwa kapiga simu toka Igunga. Ndiye mwanangu wa kwanza, baba yake Julieth. Ana mashine ya kukoboa mpunga na duka, na sauti ya mtu anayeita ng'ombe.

Anasema mchele umemjaa, anataka chumba cha uani kiwe stoo yake ya Tabora. Kakijenga yeye, siwezi kubisha. Anasema binti anacheza na plastiki humo wakati dukani Igunga hana mtu wa kumwamini. Jumamosi ya wiki ijayo anakuja na gari. Magunia yanaingia, Julieth anapanda, wanaondoka.

Nilipaswa kusema: sawa mwanangu, tutaongea. Mtu mwenye akili angesema hivyo.

Mimi nikasema filamu nimeshaiona. Nzuri! Na mimi nimo!

"Wewe, Mama? Umo?"

"Nimo."

"Unafanya nini humo?"

Nikasema si kitu cha kusimulia kwenye simu, vocha itaisha. Vocha yake yeye!

Akafikiri. Akasema haya, Jumamosi nitaiangalia kabla sijashusha gunia hata moja. Nikikuona, na nikiona ni kitu cha maana, chumba akae nacho. Nikiona ni upuuzi, Mama, usinililie.

Sasa nimemwambia uongo mwanangu, na kabla ya hapo kina mama wa kanisa. Sijaona hata inchi moja ya hiyo filamu. Nilipomweleza Julieth akashika kichwa kwa mikono miwili. "Bibi! Umeniuza!" Nikamwambia sijakuuza, nimekutetea. Akasema ungenitetea kidogo tu, Bibi. Kidogo tu ingetosha.

Filamu haijaisha. Sehemu ya mwisho bado mkanda mtupu. Anasubiri mvua kubwa ya kwanza. Mvua ya nini? Kumbikumbi watoke. Anataka kubandika mabawa yao.

Nimelala mapema. Kichwa kilikataa kuendelea.

Jumatano, 8 Novemba

Nimeingia chumbani kwake nimpe somo. Nilikuwa nimelipanga vizuri: kazi ni nini, mkono ni wa nini, mtu mzima wa miaka ishirini na saba anakwaruzaje plastiki.

Akanisikiliza mpaka mwisho, ana adabu. Kisha akasema kamera inatazama kitu kwa mbali, haikigusi. Yeye anataka kitu chenyewe kiguse mkanda. Mbegu yenyewe, bawa lenyewe. Nikamwambia hata ugali unaguswa, hakuna aliyeuita sinema.

Akacheka. Akanipa kipande na sindano. Kwaruza, Bibi, uone kama ni mchezo.

Nikakaa nimwonyeshe upuuzi wake. Vipicha vyenyewe vidogo, kucha yangu inavifunika. Ukikwaruza mstari mmoja, unaofuata usogee kidogo, unaofuata tena kidogo, vinginevyo ukutani vitarukaruka kama panzi. Wa kwangu ulikuwa unapinda. Nikafuta kwa mate, haufutiki. Nikaanza mwingine. Ukapinda huohuo upande! Nikasema hii sindano imepinda. Julieth akasema sindano ni yako, Bibi.

Nimekwaruza mpaka uji umeungua. Uji wa kwenye jiko nililoliwasha mwenyewe. Zabibu, jirani yangu wa ukuta mmoja, amepiga kelele kutoka kwake: "Mama Masolwa! Unachoma nini, nyumba au tairi?"

Nimemjibu ni dawa ya mbu.

Alhamisi, 9 Novemba

Mvua! Imepiga tangu alfajiri, mabati yanalia huwezi kusikia redio. Ilipokatika tumekwenda Itetemia, kwenye kile kichuguu cha pembeni ya shamba langu. Walikuwa wanatoka kama moshi! Mimi na beseni la maji, Julieth na mfuko wa karatasi. Nilimwonyesha unavyochimba kishimo, wanavyotumbukia. Bibi kizee nimepiga magoti kwenye tope, kitenge kimekuwa tambara, nacheka peke yangu.

Yeye anataka mabawa, mimi nataka nyama. Sijawahi kuona wake wenza wanaogawana vizuri hivi.

Jioni katandaza mabawa yakauke chumbani kwake. Yanang'aa kama ganda la kitunguu. Nimemwambia nitawakaanga wa kwangu kesho, na chumvi kidogo.

Ijumaa, 10 Novemba

Sijui niandikeje.

Julieth alikwenda sokoni kutafuta gundi isiyogeuka njano. Mimi nikaingia chumbani kuchukua ungo wangu, maana ungo ni wangu, aliazima. Nikaukuta umejaa mabawa, na chini yake kumbikumbi wachache waliobaki. Nikautoa nje. Upepo ulikuwa mzuri. Mkono ukashika ungo, ungo ukapanda, ukashuka.

Nimepepeta!

Naapa sikufikiri. Tangu nina miaka sita, ungo wa kumbikumbi ukifika mkononi mwangu unapepetwa, mabawa yanakwenda, nyama inabaki. Hakuna mwanamke aliyelelewa nyumba yenye jiko asiyefanya hivyo. Nilikuwa hata naimba! Nikashtuka ungo umebaki safi, vidudu vinane hivi vimenitazama, na mabawa ya sinema ya mjukuu wangu yanaruka juu ya ukuta kwenda kwa Zabibu.

Sauti ya Zabibu: "Astaghafirullah! Nani ananimwagia takataka kwenye mihogo yangu?"

Julieth amerudi na gundi yake. Kaona ungo. Kaniona mimi. Nilisubiri anitukane, ana ruhusa, ni mke mwenzangu, hakuna tusi asiloweza kuniambia. Afadhali angenitukana. Alikaa kizingitini, akaishika ile chupa ya gundi kama mtu aliyeletewa zawadi ya mtu mwingine.

Nikamkaangia wale kumbikumbi. Sikujua nimpe nini kingine. Amekula. Akasema ni watamu, Bibi, huku anafuta macho kwa mgongo wa mkono.

Jumapili, 12 Novemba

Mbingu nyeupe, hakuna hata wingu la kupigia picha.

Misani nimeomba mvua. Wenzangu wanaomba kwa ajili ya mahindi, mimi kwa ajili ya mabawa. Aliyeko juu atakuwa amecheka mpaka akajishika mbavu.

Baada ya misa Gaudensia amenishika mkono, anauliza hiyo sinema ni lini. Nilikuwa na nafasi ya kusema imeharibika. Nafasi nzuri kabisa, pana kama barabara! Nikasema Jumamosi, saa moja jioni, uani kwangu, njooni wote. Nitauziba lini mdomo huu? Nimezaa watoto sita na hakuna hata mmoja aliyenisumbua kama mdomo wangu mwenyewe.

Mchana nimekwenda kwa Zabibu kuokota. Alikuwa ameshafagia. Nikainama kwenye kona ya choo chake, chini ya kamba ya nguo, nyuma ya pipa. Yeye kasimama juu yangu na ufagio, amejitanda kanga, anafurahi.

"Umepoteza hereni, Mama Masolwa?"

"Mabawa."

"Yako?"

"Ya kumbikumbi, Zabibu! Acha wazimu."

"Mimi niliyesimama ndiye mwenye wazimu," akasema, "na wewe uliye nyuma ya pipa langu unatafuta mabawa ndiye mzima. Sawa."

Lakini ameniletea tochi. Na mwishoni akainama naye, magoti yanalia kama mlango. Tumepata konzi moja. Nusu yamekanyagwa. Ananiuliza ya kazi gani, nikamwambia atayaona Jumamosi. Nikamkaribisha naye! Sasa nimekaribisha Waislamu na Wakristo, aibu yangu haina dini.

Jumanne, 14 Novemba

Konzi moja limebandikwa. Zuri, sitaki kusema uongo, limekaa kama dirisha la kanisa. Lakini ni kipande kifupi, Julieth anasema kitapita kabla mtu hajamaliza kupiga chafya. Kilichobaki bado kitupu, ukikitandaza kinatoka mlangoni mpaka banda la kuku. Tukionyesha hivihivi Masolwa ataona shuka jeupe, atashusha magunia.

Nikamwambia abandike maganda ya vitunguu. Akasema ameshaweka maganda mwanzoni. Mbegu za tumbaku? Zipo. Nyuzi za pamba? Zipo. Nikamuuliza basi unataka nini.

Akanitazama mikono. Akasema, "Dole lako, Bibi."

"Dole langu la nini?"

"Uliweke wino, upige kwenye mkanda. Moja baada ya lingine mpaka mwisho."

Nilisimama. Nilimwambia maneno ambayo siyaandiki humu, karatasi inaweza kutoboka.

Mtu asome aelewe, hata kama msomaji ni mimi peke yangu. Dole ni la asiyejua kuandika. Mimi nilikwenda elimu ya watu wazima miaka ile nikiwa na mimba ya Masolwa, nimekaa na wanaume kwenye benchi moja, wananicheka tumbo. Nikajifunza. Marehemu mume wangu alitia dole mpaka anaingia kaburini. Mimi natia sahihi. M kubwa, yenye mkia! Na mpaka leo nikiingia ofisi yoyote, karani anaona kichwa cheupe, kabla sijafungua mdomo ananisogezea kile kisponji cha wino. Nakisukuma. Kila mara nakisukuma. Nasema nipe kalamu, mjukuu. Wote wanageuka kutazama, na mimi naandika polepole ili watazame vizuri.

Sasa mjukuu wa damu yangu ndiye anayenisogezea wino.

Julieth akasema si sahihi, Bibi, ni picha. Nikasema dole ni dole. Akasema, taratibu kabisa, "Wewe ndiye uliyesema umo. Mimi sikusema."

Nimetoka nje nikaenda kufokea kuku.

Jumatano, 15 Novemba

Hapana. Nimesema hapana.

Masolwa katuma meseji: gari tayari, anakuja pia na jenereta la mteja wa huku Tabora. Chumba kiwe kimefagiliwa.

Nimempita Julieth mlangoni mwake. Hakuwa anafanya kazi. Alikuwa anakunja nguo.

Alhamisi, 16 Novemba

Nimelifanya. Basi.

Kwanza nilifunga mlango na komeo. Kisha dirisha. Julieth akasema Bibi tutakosa hewa, nikasema bora kukosa hewa kuliko kuonwa na Zabibu. Nikamwapisha: hatamwambia mtu. Si baba yake, si mtu yeyote. Akaapa.

Nikasema nitatoa la kushoto. Mkono wa kulia ni wa kuandika, siutii aibuni.

Nikajaribu kwanza kidole cha mwisho, kile kidogo, nikidhani kitaumiza moyo kidogo. Kikatoka kama kinyesi cha mjusi. Julieth kauma midomo asicheke. Haya, dole gumba. Mkanda wenyewe mwembamba, dole linaujaza wote, linamwagika pembeni! Dole moja linakula picha mbili. Bonyeza, inua, sogeza. Bonyeza, inua, sogeza. Wino ukiwa mwingi ni doa jeusi tu, ukiwa kidogo hakuna kitu, lazima upate katikati. Yangu ya mwanzo ni madoa. Nilimwambia ayakate, akasema hakati, yamekaa vizuri, kama mtu anayegonga mlango kabla ya kuingia. Hawa watoto wana jibu kwa kila uchafu.

Saa sita nilikuwa nimezoea. Saa nane nilikuwa namfokea yeye: vuta mkanda sawasawa, unaupindisha! Nyoosha! Mtu anayetuchungulia angedhani mimi ndiye mwenye filamu. Na saa kumi nilipofika mwisho, nikaomba kipande kingine. Ndiyo. Mimi. Niliyesema hapana mara mbili. Akasema mkanda umekwisha, Bibi, nikanuna.

Wino hautoki. Nimesugua kwa majivu, kwa limau, kwa jiwe la kisigino. Jioni Zabibu kaniona nikianua nguo.

"Dole lina nini?"

"Nimekula zambarau."

Katafuna kwanza, huyo mwanamke, ana kawaida ya kutafuna hata kama hana kitu mdomoni. "Zambarau bado hazijaiva," akasema, akaingia ndani.

Ijumaa, 17 Novemba

Nimesuka nywele. Najua simo kwa sura. Nimesuka hivyohivyo, shilingi za watu zimetoka, mtoto wa saluni ananiambia Bibi utapendeza kwenye filamu. Nikamwambia asante.

Julieth hataki nione kabla. Anaunganisha vipande, mkasi mdomoni. Zile nguo alizokunja ziko kwenye begi bado. Begi liko mlangoni.

Jumamosi, 18 Novemba

Nimeingia ndani kutafuta mshumaa. Mshumaa nimeupata zamani. Nimekaa kitandani naandika kama mwizi, na watu wamejaa uani.

Nianze tangu mchana. Masolwa kafika saa tisa, gari limelala nyuma kwa uzito wa magunia, na jenereta katikati yake limefungwa kamba. Shikamoo Mama, marahaba, akaenda moja kwa moja kukipima chumba kwa hatua. Julieth alimsalimia, akamwitikia vizuri tu, akamshika bega. Si mtu mbaya, mwanangu. Ni mtu wa magunia. Akamwambia begi lako nimeliona, umefanya vema kujiandaa.

Saa moja walikuja wote niliowaalika, na ambao sikuwaalika pia. Gaudensia na miwani ya kusomea. Zabibu na mkeka wake. Mzee Awadhi wa duka la kona kaja na kiti chake mwenyewe, kile chenye mto, akakiweka mbele ya kila mtu, maana babu yake alikuwa mkuu wa misafara ya Ujiji na hajawahi kukaa nyuma. Tumefunga shuka langu la harusi ukutani. Masolwa akasimama, hakukaa. Kaegemea gari.

Mashine ikaanza kunguruma. Kwanza mikwaruzo. Mistari inashuka, inashuka, kama mvua inayokuja kutoka Urambo. Watu wakacheka, mtu mmoja akasema shuka limechanika! Gaudensia akaniinamia: mbona sikuoni? Nikamwambia tulia. Zikaja mbegu, zinaruka kama kuku waliomwagiwa mtama. Mstari wangu uliopinda nikauona! Ukapita unayumba kama mlevi, nikajikuta nimeufuata kwa kichwa. Nikamtazama Masolwa. Kakunja mikono. Uso kama mlango wa benki.

Kisha mabawa. Zabibu akasema kwa sauti, "Yale ni ya kwangu! Ya kwenye mihogo!" — akacheka mwenyewe, akajipiga paja. Yakapita. Kifupi, kama Julieth alivyosema.

Kisha madoa meusi. Doa, doa, doa. Nikafumba macho.

Nilipofumbua, watu wote walikuwa wamenyoosha shingo. Ukutani, ukuta mzima, mistari minene imepinda, inazunguka, inahema. Sikuijua. Nasema kweli: dole langu mwenyewe, nimekaa nalo miaka sabini na mbili, sikulijua.

"Matuta," akasema Zabibu. "Jamani, shamba la nani hilo?"

Gaudensia akasema ni la viazi, limelimwa juzi, ona udongo. Mwingine akasema ni la tumbaku. Mzee Awadhi akanyanyua fimbo, akaonyesha ule mstari unaokata katikati, uko palepale kila picha. "Na ile ni njia. Mnaona? Ile njia ya zamani ya kwenda Ujiji. Hivyo ndivyo ilivyokata mashamba ya watu. Babu yangu alinieleza."

Si njia. Ni kovu. Kisu cha muhogo kilinikata, Masolwa akiwa mchanga mgongoni.

Wakaanza kubishana ni shamba la upande gani, na wanapenda! Watu wazima wanabishana mbele ya dole langu, kila mtu kaona kwao. Nikasikia hatua. Masolwa kaacha gari, kapita katikati ya mikeka, kasimama mbele kabisa mpaka kivuli cha kichwa chake kimeingia ndani ya mistari. Kasimama hapo. Kisha bila kugeuka:

"Mama. Uliniambia umo. Uko wapi?"

Na umeme ukakatika.

Sijawahi kulipenda giza namna hii. Nikasema nafuata mshumaa, nikakimbia. Kwa magoti haya!

Sasa nawasikia dirishani. Hakuna aliyeondoka. Zabibu anasema ni shamba la Itetemia, la Mama Masolwa, anaapa, keshafika pale. Awadhi anasema ni ng'ambo ya hapo, njia haikupita Itetemia, yeye ndiye mwenye babu. Gaudensia anauliza kama Mama Masolwa ataonekana mwishoni, akiwa analima. Masolwa anamuuliza Julieth: bibi yako yuko wapi humo? Na Julieth — nilimwapisha mwenyewe — anasema, "Muulize Bibi." Basi. Ananitunzia kiapo changu na chumba chake kinakwenda.

Nikikaa kimya wote watakwenda nyumbani wamesifu shamba langu zuri. Hakuna atakayejua nimetia dole kama asiyekwenda shule. Masolwa ataniona mwongo tu, hilo keshazoea. Magunia yataingia.

Nikisema, Gaudensia atakuwa na la kusimulia mpaka Pasaka. Huyu wa sahihi yenye mkia!

Kuna kelele ya chuma. Nimechungulia. Masolwa kapanda kwenye gari, anafungua kamba za jenereta, lile la mteja, anamwita Mzee Awadhi amshikie tochi ya simu. Zabibu kamuuliza, baba, si ungeshusha kwanza magunia yako ulifikie? Kamjibu magunia yakae. Anasema hajamaliza kuangalia.

Limekohoa. Limezima. Anatukana kwa Kinyamwezi, anavuta kamba tena. "Mama! Lete huo mshumaa, sioni hapa!"

Zabibu ndiye aliyekaa karibu na mlango, uso kaugeuzia huku. Mshumaa nimeushika kwa mkono wenye wino, na sibadilishi mkono.